Mahindi Darini, Watoto Chini: Lushoto Ilivyoishi na Tauni

Kila inapotajwa kwamba Lushoto iliwahi kuwa makao ya tauni, swali la kwanza huwa ni lile lile: mbona watu hawakuhama? Wanafunzi huliuliza, na wageni waliopanda kutoka Mombo kwenda kutazama bonde pale Irente huliuliza. Hata vijana waliozaliwa Lukozi au Malindi baada ya ugonjwa kutoweka huwauliza bibi zao.

Swali lina haki yake. Tauni ndiyo iliyofagia miji ya Ulaya kati ya 1347 na 1351, na jina lake bado linatisha. Mtu akiambiwa kwamba ugonjwa huo ulikaa katika vijiji vya Usambara Magharibi tangu 1980 hadi 2003, hushindwa kuelewa watu walilimaje, walioanaje na walizikanaje kwa muda wote huo. Zaidi ya watu 7,000 waliugua wilayani Lushoto katika kipindi hicho, na mamia walikufa. Hata hivyo magulio yaliendelea, viazi na kabichi viliteremshwa kwenda Tanga na Dar es Salaam, na watoto walikwenda shule.

Jibu la swali hilo halipatikani hospitalini peke yake. Linapatikana nyumbani: pale mahindi yanapohifadhiwa, pale mtoto anapolala, pale mama anapopikia. Huko ndiko tauni ilikoingia, na huko ndiko watu wa kawaida walikopambana nayo, mara nyingi bila mtu wa nje kuona.

Ugonjwa wa panya unaomfikia mtu

Tauni husababishwa na bakteria, yaani kijidudu kidogo kisichoonekana kwa macho. Daktari Alexandre Yersin alikitambua huko Hong Kong mwaka 1894. Kwa kawaida kijidudu hiki huishi kwa panya, na kinahamishwa na kiroboto.

Kinachotokea ndani ya kiroboto kinafaa kueleweka vizuri, kwa sababu ndicho kinachoeleza mengine yote katika sura hii. Kiroboto akinyonya damu ya panya mgonjwa, vijidudu huzaana ndani yake mpaka vinaziba njia ya chakula. Damu anayonyonya haishuki. Njaa inamshika, anauma tena na tena, na kila anapouma anarudisha damu yenye vijidudu kwenye jeraha. Panya naye akifa, mwili wake hupoa, na viroboto wanamwacha ili kutafuta damu yenye joto. Kama panya amefia ndani ya nyumba, damu iliyo karibu ni ya watu waliolala humo.

Mtu aliyeumwa huanza kuugua kati ya siku moja na saba baadaye. Homa hupanda ghafla, mwili hutetemeka, kichwa huuma, nguvu huisha. Kisha hutokea mtoki, yaani uvimbe wa tezi wenye maumivu makali, mara nyingi kinenani kwa kuwa viroboto huuma sana miguuni, lakini pia kwapani au shingoni. Bila matibabu, kati ya wagonjwa 100 wa tauni ya mitoki, 30 hadi 60 hufa. Dawa za kuua bakteria zikianza mapema, walio wengi hupona. Ugonjwa ukifika mapafuni mambo hubadilika kabisa: mgonjwa humwambukiza mwenzake kwa kukohoa, kiroboto hahitajiki tena, na asiyetibiwa haraka ana nafasi ndogo sana ya kuishi.

Tauni haikuwa ngeni nchini. Mwaka 1897 Robert Koch, mwanasayansi maarufu wa Ujerumani, alikuwa katika koloni la Afrika Mashariki, na sampuli zilizotoka Kiziba karibu na Bukoba zilithibitisha kwamba ugonjwa ulioua watu huko ulikuwa tauni. Baadaye ilionekana sehemu nyingine za nchi, Singida na Same zikiwemo. Lushoto ilizidi zote. Hakuna wilaya nyingine Tanzania iliyobeba wagonjwa wengi kiasi hicho kwa miaka mingi kiasi hicho.

Mwaka 1980, wakati sabuni haipatikani

Ugonjwa ulipozuka Lushoto mwaka 1980, Tanzania ilikuwa imetoka vitani na Idi Amin mwaka mmoja tu uliotangulia. Fedha za kigeni zilikuwa haba. Sabuni, sukari, chumvi na nguo zilikuwa bidhaa za foleni, na mara nyingi foleni iliisha kabla ya mtu kufikiwa. Waliokuwa watu wazima wakati huo wanakumbuka kufua kwa majani ya mpapai.

Hali hiyo ni sehemu ya ugonjwa wenyewe. Ushauri wa afya katika tauni ni mwepesi kuutamka: fua matandiko, lala kitandani, funga chakula mahali panya hawafiki, fagia nyumba, tumia unga wa kuua viroboto. Ukiutazama ushauri huo kwa macho ya kaya ya mlimani mwaka 1980, kila neno ndani yake lina bei. Kufua kunataka sabuni. Kitanda kinataka mbao, kamba au misumari, na godoro au hata gunia la kujaza majani makavu. Kufunga chakula kunataka pipa, au ghala la peke yake nje ya nyumba, na ghala linataka mlango na kufuli.

Kwa sababu hiyo, maelezo kwamba tauni ilidumu Lushoto kwa ujinga wa wanakijiji hayakubaliki. Watafiti waliowahoji wakazi waligundua kwamba wengi walijua ugonjwa unahusiana na panya na viroboto. Walichokosa walio wengi ni uwezo wa kuishi jinsi walivyojua kwamba inafaa kuishi.

Kwa nini mahindi yalikuwa darini

Tuchukue kaya ya mfano: baba, mama na watoto watano katika kijiji kimojawapo upande wa Rangwi, juu kabisa, mahali ambapo usiku wa Julai mtu hawezi kulala bila moto. Nyumba ni ya miti na udongo, ina vyumba viwili, na jiko la mafiga matatu limo ndani. Juu ya jiko kuna dari ya fito. Juu ya dari kuna mahindi ya mavuno ya masika, yamepangwa na maganda yake.

Mtu wa mjini akiona mahindi hayo anaona uzembe. Mwenye nyumba anaona akiba iliyowekwa kwa akili. Milimani ukungu ni mwingi na mahindi hukauka polepole. Moshi wa jiko unayakausha. Moshi huo huo unawafukuza fukusi, wale wadudu wanaotoboa punje mpaka gunia linabaki unga mtupu. Mahindi yaliyo juu ya kichwa cha mwenyewe hayaibiwi usiku. Na mvua ikinyesha wiki nzima, mama hana haja ya kutoka nje kwenda kuchukua chakula cha jioni.

Ubaya ni mmoja: panya pia wanapenda joto, ukavu na mahindi.

Hapo ndipo msimu unapoingia. Baada ya mavuno, mashamba hubaki matupu na mabua huchomwa au hulazwa. Panya wa shambani, waliokuwa wakila huko kwa miezi, hukosa chakula na maficho. Wanasogea kwenye makazi na kukutana na panya wa nyumbani, na viroboto wanabadilishana wenyeji. Takwimu za Lushoto zilionyesha wagonjwa wakiongezeka zaidi kati ya Desemba na Februari. Familia zilijifunza kuiogopa miezi hiyo, kama vile familia za tambarare zinavyoiogopa miezi ya malaria baada ya masika.

Ndani ya nyumba ya mfano, usiku unakuwa hivi. Baba na mama wana kitanda. Mtoto mchanga yuko nao. Wanne waliobaki wanalala chini chumba cha jiko, kwenye mkeka na magunia, karibu na makaa kwa sababu ya baridi. Moja kwa moja juu yao kuna mahindi, na ndani ya mahindi kuna panya. Panya mgonjwa akifia darini, viroboto wake wanaanguka au kuteremka, na kitu cha kwanza chenye joto wanachokutana nacho ni watoto hao wanne.

Kumbukumbu za wagonjwa zinaafikiana na picha hiyo. Watoto wa umri wa kwenda shule waliugua kupita watu wazima, na wanawake waliugua kupita wanaume. Mwanamke ndiye anayepanda darini kuteremsha mahindi, anayefagia, anayelala na mtoto anayeumwa, anayeokota kuni kwenye vichaka vyenye panya. Mwanamume anayeuza mboga Korogwe au anayefanya kibarua kwenye mashamba ya mkonge hulala usiku mwingi mbali na dari hiyo.

Kwa ufupi

Tauni ilipitia viungo vinne vilivyounganika: shamba lililovunwa, panya aliyehamia nyumbani, chakula kilichohifadhiwa ndani, na mtu aliyelala chini. Kuvunja kiungo kimoja kulipunguza hatari. Kila kiungo, hata hivyo, kilikuwa na sababu yake ya msingi katika maisha ya kaya, na hakikuvunjika bila gharama.

Waue viroboto kwanza

Panya wakianza kufa kijijini, mtu mwenye hasira na hofu hutaka kuwaua waliobaki mara moja. Ni kosa la hatari. Panya wengi wakifa kwa mkupuo, viroboto wao wote hukosa mwenyeji kwa wakati mmoja na kuwageukia watu. Ndiyo maana maofisa afya walipofika kwenye kijiji chenye mlipuko walianza na unga wa kuua viroboto, ulionyunyizwa sakafuni, kwenye kingo za kuta, kwenye njia za panya na matandikoni. Mitego na sumu vilifuata baadaye.

Kazi hiyo ilimtaka bwana afya aingie katika kila nyumba, mpaka chumba cha kulala. Matandiko yalitolewa nje. Vyungu vilisogezwa. Mahindi yaliteremshwa. Mbele ya mgeni na majirani, umaskini wa nyumba ulianikwa juani. Mwenye nyumba aliyekataa kufunguliwa vyumba hakuwa lazima mtu mkaidi. Huenda aliona haya.

Waliokuwa wamekaa na mgonjwa walipewa vidonge vya kinga, kwa kawaida tetrasaiklini. Mgonjwa alichomwa sindano za streptomaisini. Dawa hizi ni za zamani na si ghali, na kwa tauni zinafanya kazi vizuri mno. Shida ilikuwa siku. Tauni humpa mgonjwa siku chache tu kati ya homa ya kwanza na hatua ambayo dawa haimfai tena, na siku hizo Usambara huliwa na njia. Kutoka kijiji cha mgongo mmoja wa mlima kwenda zahanati ya mgongo wa pili, mtu hushuka bondeni na kupanda tena. Mgonjwa asiyeweza kutembea alibebwa kwa machela, na machela inataka wanaume wanne au zaidi walio tayari kumkaribia mgonjwa wa tauni. Kwamba wanaume hao walipatikana, mwaka baada ya mwaka, ni jambo linalostahili kukumbukwa kuliko takwimu nyingi.

Wapo walioanza kwa mganga wa jadi. Homa ya ghafla na kifo cha siku tatu, katika nyumba moja na si ya jirani, vinafanana sana na vile watu wanavyotarajia uchawi ufanane. Kumlaumu mganga ni rahisi. Nchini Uganda, katika eneo la West Nile ambako tauni pia ilijirudia kwa miaka mingi, wahudumu wa afya walichagua njia nyingine: waliwaeleza waganga dalili za tauni na kuwaomba wapeleke wagonjwa wa aina hiyo kituo cha afya bila kuchelewa. Mganga aliye mlango wa tatu anamwona mgonjwa siku ya kwanza. Daktari wa wilaya anamwona siku ya nne. Anayejali maisha ya mgonjwa hawezi kumpuuza yule anayemwona siku ya kwanza.

Msiba katika nyumba ya tauni

Hakuna sehemu ya maisha iliyojeruhiwa na tauni kama msiba.

Katika Usambara, kama sehemu nyingi za nchi, mtu akifa watu hulala matanga. Majirani huja, ndugu hupanda kutoka Korogwe, Muheza na Tanga. Wanawake hujaa ndani, hutandika mikeka na kulala chini bega kwa bega na mfiwa. Kumwacha mfiwa alale peke yake ni aibu ambayo ukoo hausahau. Maiti huoshwa na watu wake, Mwislamu kwa taratibu zake na Mkristo kwa zake.

Tazama sasa nyumba hiyo kwa jicho la kiroboto. Panya wamekufia humo siku chache zilizopita. Viroboto wenye njaa wako sakafuni. Usiku huo wanaletewa wageni thelathini waliolala chini.

Maofisa afya walilazimika kuzuia mikusanyiko, kuharakisha maziko, na kutaka nyumba inyunyizwe kabla ya mtu yeyote kulala ndani. Kisayansi walikuwa sahihi. Kwa wafiwa ilikuwa adhabu juu ya adhabu: umempoteza mtoto, na jirani zako wanazuiwa kuja kulia nawe. Msomaji aliyezika mtu wakati wa Uviko-19, tangu ugonjwa huo ulipothibitishwa nchini Machi 2020, anaweza kuelewa kidogo. Watu wa Lushoto walikuwa wamepitia hayo zaidi ya mara moja, katika vijiji vile vile, bila dunia nzima kuwa katika hali kama yao.

Ugumu huu umeonekana kwingine pia. Madagaska, mwaka 2017, tauni ilifika mijini, Antananarivo na Toamasina, ikawapata watu zaidi ya 2,400 na kuua zaidi ya 200. Huko nako mvutano mkubwa ulikuwa kuhusu namna ya kuwazika wafu. Funzo kwa wanaopanga huduma ni bayana: katazo la msiba likiletwa bila kuzungumza na wazee, mashehe na wachungaji, maiti itazikwa usiku kwa siri, na mgonjwa anayefuata atafichwa.

Kumbukumbu ya amri

Ili kuelewa kwa nini Wasambaa, wenyeji wa milima hii, waliyapokea maagizo mengine polepole, inabidi kurudi nyuma kidogo, kwenye jambo ambalo halikuhusu panya kabisa.

Mwaka 1946 serikali ya kikoloni ya Waingereza ilianza mradi wa kuzuia mmomonyoko wa udongo katika bonde la Mlalo, kisha ikaupanua. Wakulima waliamriwa kuchimba matuta kwenye miteremko, na asiyechimba alitozwa faini au kushtakiwa. Udongo kweli ulikuwa ukichukuliwa na mvua. Lakini kazi ilikuwa nzito, wanawake ndio waliobeba sehemu kubwa, na mavuno hayakuonyesha faida ya jasho hilo. Upinzani ulienea milima mizima, chama cha TANU kikapata wafuasi kwa hasira hiyo, na mwishoni mwa miaka ya 1950 amri za matuta ziliachwa.

Mtoto aliyemwona mama yake akichimba matuta Mlalo mwaka 1950 alikuwa mtu mzima mwenye nyumba mwaka 1980. Mgeni mwenye karatasi anayesema jinsi ya kupanga maisha yako, hata akiwa na ukweli, alimkuta akiwa na kumbukumbu. Kuanzia 1981, mradi mwingine wa kuhifadhi udongo uliosaidiwa na Ujerumani, uliojulikana kwa kifupi SECAP, ulifanya kazi Lushoto kwa mazungumzo zaidi, ukapanda majani ya mifugo na miti kwenye makinga maji, yaani kingo za kuzuia maji shambani. Majani yale yalilisha ng'ombe, kwa hiyo mkulima aliona faida mwaka huo huo. Elimu ya tauni ilifanikiwa pale ilipofuata njia hiyo: ilipompa mtu kitu kinachomfaa hata kama tauni isingerudi. Ghala salama huokoa mahindi. Kitanda humkinga mtoto na baridi ya sakafu.

Vitu vidogo vilivyobadilika

Mabadiliko ya nyumbani yalikuja taratibu, nyumba kwa nyumba, na hayakufika kote sawa. Mtu akipita leo vijiji vya Shume, Manolo au Mtae ataona mengi yake bila kujua kwamba yana historia:

- Mahindi hupukuchuliwa mapema na kutiwa kwenye magunia pamoja na dawa ya unga, hivyo haja ya kuyafukiza darini imepungua.
- Nyumba nyingi zimejengwa kwa matofali, zimeezekwa bati, na jiko limetolewa nje ya chumba cha kulala.
- Sakafu ya saruji, pale ilipowezekana, imewanyima viroboto nyufa za kutagia.
- Watoto wengi zaidi wanalala kitandani.

Si haki kusema mambo hayo yaliletwa na kampeni ya tauni. Mengi yaliletwa na viazi, karoti na pilipili hoho. Fedha ya mboga zilizouzwa Lukozi na kupelekwa masoko ya Dar es Salaam ndiyo iliyonunua bati na saruji. Hapa ndipo hukumu ya sura hii inapolala: bei nzuri ya mboga ilikuwa pia kinga ya tauni, na barabara ya Soni hadi Mombo, iliyo na kona na maporomoko yake, imelinda afya za watu kuliko mabango mengi yaliyobandikwa zahanati.

Basi, mbona hawakuhama?

Tunaweza sasa kulijibu swali la mwanzo, na majibu yake yako zaidi ya moja.

Kwanza, wangehamia wapi? Usambara ni miongoni mwa milima yenye watu wengi sana nchini. Sensa ya 2012 ilihesabu watu 492,441 katika wilaya ya Lushoto, Bumbuli ikiwemo. Ardhi inarithiwa kwa vipande vidogo, na anayeondoka hapati kingine. Tambarare za chini, ambazo wazee huziita nyika, zina joto, zina ukame, na zina malaria ambayo mtu wa milimani hana mazoea nayo. Kuhama tauni ya miezi mitatu kwenda malaria ya mwaka mzima hakukuwa hesabu nzuri.

Pili, tauni haikuwa kila mahali. Kijiji kimoja kiliweza kupata wagonjwa karibu kila mwaka huku cha ng'ambo ya bonde kisipate hata mmoja. Jambo hili liliwashughulisha watafiti kwa muda mrefu, akiwemo Profesa B. S. Kilonzo, aliyefuatilia tauni ya Lushoto kwa miaka mingi, na baadaye wataalamu wa Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo mjini Morogoro pamoja na wenzao kutoka Ubelgiji. Walinasa panya, wakahesabu viroboto ndani ya nyumba, wakapima mwinuko na uoto, wakafuatilia hata safari za watu za wiki kwenda shambani na gulioni. Hawakupata sababu moja inayofungua kila kitu. Walipata mchanganyiko wa mwinuko, mimea, wingi wa viroboto na nyendo za watu. Kwa mwanakijiji, maana yake ilikuwa kwamba hatari ilijulikana kwa sura: nyumba fulani, kitongoji fulani, miezi fulani. Hatari ya namna hiyo mtu huizunguka. Haachi nchi nzima kwa ajili yake.

Tatu, na hili husahaulika, kukimbia ni hatari pia. Mwaka 1994 tauni ilipotangazwa katika mji wa Surat nchini India, laki kadhaa za watu waliukimbia mji ndani ya siku chache, kwa treni na mabasi, na hofu ikaenea nao nchi nzima. Waliougua vijijini Lushoto na kubaki karibu na zahanati iliyokuwa na streptomaisini walikuwa na nafasi nzuri zaidi kuliko mkimbizi aliyeugua ndani ya basi.

Na nne, watu hawakuhama kwa sababu wafu wao, migomba yao na jamaa zao walikuwa pale. Sababu hiyo haihitaji utafiti.

Baada ya 2003

Tangu 2003 Lushoto haijaripoti tena milipuko kama ile. Hakuna aliyesherehekea, kwa kuwa hakuna siku ambayo tauni ilitangazwa kuwa imekwisha. Msimu wa Desemba ulipita bila mgonjwa, ukaja mwingine ukapita vivyo hivyo, na polepole hofu ikahamia kwenye mambo mengine: bei ya mbolea, ada, mvua za vuli zisizoeleweka.

Ugonjwa wenyewe haujaondoka duniani wala katika ukanda wetu. Mwaka 2007 ulizuka Mbulu, mkoani Manyara. Ituri, mashariki ya Kongo, bado ni mojawapo ya sehemu za dunia ambako tauni hujirudia, na vita vya huko vimewafanya watu walale msongamano kwenye kambi, chini, kando ya magunia ya chakula cha msaada. Mtu aliyesoma sura hii tangu mwanzo anaona mara moja hatari ya mpangilio huo.

Jambo la kutia wasiwasi Lushoto ni usahaulifu wa kitaalamu. Mhudumu wa zahanati aliyeajiriwa leo huenda hajawahi kuona mtoki wa tauni. Mgonjwa akija na homa kali atapimwa malaria, na kipimo kikiwa safi atapewa dawa ya maumivu arudi nyumbani. Wazee waliobeba machela wanaijua dalili hiyo vizuri kuliko vitabu, lakini ni nadra sana kuitwa kufundisha. Kuwaita kungegharimu kidogo sana.

Kwa msomaji anayeishi Usambara, Mbulu, West Nile au Ituri, maelekezo ni mafupi. Ukiona panya wamekufa ovyo bila sumu wala mtego, usiwashike kwa mkono mtupu, wala usimwache paka awale, kwa kuwa paka naye huugua tauni na anaweza kumwambukiza mtu; mwarifu bwana afya au mwenyekiti wa kitongoji. Na mtu wa nyumbani kwako akipata homa ya ghafla pamoja na mtoki, mpeleke kituo cha afya siku hiyo hiyo, na umwambie mhudumu wazi kwamba kwenu panya wamekufa.